Mawe ya Darasa la Kwanza

Mjukuu wangu Neema,

Marahaba, mwanangu. Huku Ilemela tu wazima, ila babu yako amegombana na jogoo wa jirani na hawasalimiani.

Unauliza kama utie saini barua ya walimu wenzako walionyimwa nyongeza ya mshahara, ilhali wewe umepata. Enzi za Ujamaa, nyongeza tulipewa sisi wa madarasa ya juu tu; walimu wa darasa la kwanza wakaachwa, na barua ya malalamiko ikaandikwa. Afisa elimu akatuambia, "Ndugu walimu, kule ni kuimba tu." Nikamwomba akafundishe kipindi kimoja.

Akaingia na suruali yake ya pasi, akawaagiza watoto themanini: "Kila mmoja alete mawe kumi ya kuhesabia."

Alisahau kwamba hawajui kumi ni ngapi. Na kilima chetu chote ni mawe! Walileta, wakaleta, mpaka mlango ukaziba. Tulimtolea dirishani.

Alipomaliza kujikung'uta, aliomba barua yetu ya malalamiko. Akashangaa kuona jina la kwanza ni langu.

"Mwalimu, wewe si umeshapata?"

Nikamwambia, "Watoto wangu wa darasa la saba wanajua kumi ni ngapi. Unadhani niliwafundisha mimi?"

Bibi yako,
Mwalimu Kabula