Huyo ni Farasi, Bohumil

Cedar Rapids, Iowa
4 Februari 1959

Mwanangu Lumir,

Salamu nyingi. Mimi sijambo, ila goti linanitangazia theluji kabla haijaanguka. Hujambo huko California? Unakula?

Kila Jumanne majirani hujazana sebuleni kwangu kutazama kipindi chenu cha yule sherifu. Jina lako halitokei kwenye televisheni, lakini farasi wakianza mbio na muziki wako ukilia huwa napaza sauti, "Kimya! Huyo ni mwanangu!" Bi Zdenka hunijibu, "Huyo ni farasi, Bohumil."

Ila nimepuliza tuba, lile baragumu kubwa la sauti nzito, katika bendi ya mji miaka arobaini. Hata kama niliingia pigo moja nyuma ya wenzangu daima, masikio ninayo. Muziki wa jana, ng'ombe alipotumbukia korongoni, ndio ule ule wa benki kuporwa mwezi wa Oktoba. Tangu Krismasi sijasikia kipya. Mkono wako mzima?

Baba yako

Los Angeles
11 Februari 1959

Shikamoo Baba,

Mimi mzima, mkono mzima, kazi tele. Pole na goti. Nina haraka.

Mwanao

Cedar Rapids
16 Februari 1959

Lumir,

Salamu. Barua yako ni fupi kuliko tangazo la sabuni. Ulipovunja dirisha la kanisa uliniambia hivyo hivyo, "Kila kitu kizima." Nimekata tiketi ya treni. Nakuja Machi, unipeleke studio.

Baba yako

Los Angeles
21 Februari 1959

Shikamoo Baba,

Studio hawaniruhusu tena kupita getini. Nilitunga muziki wa vipindi kumi na vitatu, wakaurekodi, wakaufungia kabatini. Sasa fundi wao anakata kipande hapa, anabandika pale, na mimi wakaniambia asante. Tangu Novemba nazunguka nyumba za watu nikikaza nyuzi za piano. Ulishajisifu kwa mtaa mzima, Baba. Niliona haya kukuaibisha.

Nisamehe.

Mwanao

Cedar Rapids
27 Februari 1959

Mwanangu,

Mungu ashukuriwe! Wiki tatu sikulala vizuri. Nilidhani umepooza mkono kama mjomba wako, unanificha. Kumbe ni kazi tu! Kazi huenda, hurudi. Majirani nimewaambia ukweli, na hakuna aliyekufa.

Machi nakuja vilevile. Nitakubebea mkoba wa vifaa, unionyeshe hizo piano.

Baba yako

Cedar Rapids
5 Oktoba 1959

Mwanangu Lumir,

Salamu, hali yangu nzuri, na goti limenyamaza. Mbona hukuniambia? Najua, uliogopa kazi mpya isije ikaota mbawa.

Jana tulikuwa tunatazama kipindi kipya, cha mbwa. Mbwa akarudi kwa bwana wake, muziki ukaanza, nami sikuujua hata kidogo. Nikanyanyuka kitini. Bendi yote ikaingia, kisha, pigo moja nyuma, ikaingia tuba. Walipoandika majina mwishoni, lako halikuwemo. Nililia hadharani, sikujali.

Nikamgeukia Bi Zdenka, nikamwambia, "Haya, sema ni mbwa!"

Akanipa leso yake. "Hapana," akasema. "Huyo ni wewe, Bohumil."

Baba yako