Bibi Flashi

Shoga, nimejiponza mwenyewe!

Ule mtambo mdogo wa gemu za zamani niliomnunulia mjukuu wangu, leo mkwe mwenzangu, bibi yake wa upande wa baba, kaja na flashi. Kaichomeka tu kwenye mtambo, gemu mpya zikajaa kwenye televisheni.

Mtoto kamrukia shingoni: "Bibi Flashi!"

Bibi Flashi! Mimi niliyenunua mtambo naitwa Bibi tu!

Wivu ukanipanda. Mkwe mwenzangu alipoondoka nikaichomoa ile flashi, nikaificha kifuani.

Mtoto kaja analia, "Gemu zimekufa!"

"Si zile zangu zipo?" Wapi! Kashika simu.

Kampigia nani? Bibi Flashi! Kesho anarudi kuzitengeneza, na begi la nguo, alale hapa hapa kwangu!