Mayai Yaliyokuwa na Joto

Mama, shikamoo.

Mayai yale yalikuwa na joto. Nililihisi mkononi, na bado nikayavunja.

Mkate wa wageni nimeulowesha kwenye maziwa na mayai, uko chini ya kawa. Mkirudi kanisani pakeni bati samli, pangeni vipande visigusane, mtie kwenye oveni ya debe. Makaa mengi yawe juu. Geuzeni mara moja, mpaka mkate ukauke na kulia ukitafunwa, kama wa Memsahibu, yule Mzungu wa shamba la kahawa.

Asubuhi kapuni mlikuwa na mayai mawili tu. Nikatoa matatu chini ya kuku wako anayelalia. Yote yalikuwa na damu, nikayafukia migombani.

Ulipoona mayai ya kuku yamepungua ukamwuliza Tabea, "Mlisha kuku ni wewe, nani mwingine?" mimi nilikuwa nimeinama, napuliza moto uliokwisha kuwaka. Akaenda kanisani analia.

~~Mwambie wifi anisamehe.~~ Nitamwomba mwenyewe. Nakwenda Kikatiti kwa mama yangu, nilete mayai mengine ya kulaliwa. Nitarudi kabla ya kukamua.

Nilitaka mchungaji ale, nawe useme, "Kapika mkwe wangu."

Ni mimi, Mama. Si Tabea.

Mkweo