Mtupaji Asiyesemeshwa

Baba Furaha wangu,

Jumamosi tulimaliza matanga yako, na siku hiyohiyo mtoto wako akashinda. Nimeona nikuandikie mwenyewe, kabla watu hawajatia chumvi.

Unakumbuka kitabu kile ulichokinunua kwenye meza ya vitabu chakavu sokoni Fairfield, huku ugenini? Kilikuwa cha mtupaji wa besiboli wa Marekani, wa zaidi ya miaka mia iliyopita, kijana wa machimbo ya makaa ya mawe. Ulimwita Mzee wa Kofia, kwa kuwa katika kila picha kofia ilimfunika hadi kwenye nyusi. Kila Jumapili ulimtafsiria Furaha ukurasa mmoja huku chai ikipoa: jinsi timu ya kwanza ilivyomrudisha nyumbani, jinsi alivyojifunza mpira wa polepole uliowafanya wapigaji wapige hewa, na jinsi alivyokataa kupumzishwa, akamaliza mwenyewe kila mchezo aliouanza. Kurasa za mwisho, mkono wake ulipochoka, uliziruka. "Hizo za watu wazima," ulisema. Furaha alikujibu kwa Kiingereza, wewe ukaendelea kwa Kiswahili, mkaelewana.

Siku ya mchezo wa kwanza wa Furaha mwenyewe nilitaka kumpelekea maji, ukanishika mkono. "Mtupaji akiwa anawatoa wapigaji wote hivi, mama, hasemeshwi. Hata salamu. Utamharibia."

"Sasa huo ni mchezo au kifungo?" nikakuuliza, tukacheka.

Tangu tukuzike, Furaha hakugusa mpira. Asubuhi ya Jumamosi aliniambia atatupa mara moja tu, kuwaaga wenzake, halafu basi. Sikubishana naye. Tulitoka kanisani moja kwa moja hadi uwanjani, akina mama wa kanisa wote katika sare ya kitenge, masufuria ndani ya gari.

Na mtoto akatupa, Baba Furaha. Wapigaji walikuja mmoja mmoja na kurudi walikotoka, hakuna aliyefika hata kituo cha kwanza. Kila zamu ya timu yake kupiga ilipofika, alikaa mwisho wa benchi, na wenzake wakasogea mbali, wakanyamaza. Mimi nilijua maana yake. Mama Riziki, aliyesimama kando yangu, hakujua.

"Wamegombana naye?"

"Hapana. Ni desturi yao. Hasemeshwi mpaka amalize."

"Mtoto wa matanga, munamuacha peke yake?" Alikuwa amekwisha kuanza kwenda. "Hata ikiwa desturi ya wafalme."

Ningeweza kumshika mkono, kama ulivyonishika mimi. Nilimtazama Furaha, kichwa chake kati ya magoti, nikamwacha Mama Riziki aende. Kocha akampisha. Mama Bahati akafuata na sahani ya wali na sombe ya majani ya muhogo, wakamweka mtoto katikati yao. Mimi nilisimama kwenye uzio, nikasikia kila neno.

"Umekula?" Mama Riziki akamuuliza.

Furaha akatikisa kichwa.

"Na kule katikati unafanya kazi gani?"

"Nawatoa," akajibu, kwa Kiswahili.

"Basi uwatoe haraka. Chakula kinapoa."

Akacheka. Sikuwa nimekisikia kicheko hicho tangu ulipolazwa. Kisha akalia begani kwa Mama Riziki, akajifuta uso kwa kitenge chake, akavaa glavu, akarudi uwanjani.

Mpigaji wa mwisho alikuwa msichana mrefu mwenye mabega mapana. Furaha akamtupia ule wa polepole, ule mliofanyia mazoezi sebuleni kwa soksi zilizokunjwa, hadi mkavunja taa yangu. Msichana alizungusha gongo mpira ukiwa bado njiani. Hewa tupu. Vigelegele vilivyopigwa pale, nadhani hata wenye maduka walivisikia, na wenzake Furaha wakapotea ndani ya vitenge vya akina mama waliowakumbatia.

Jana alikifungua kitabu chako kwenye zile kurasa ulizoziruka, akanisomea kwa Kiswahili chake cha kuchechemea. Mkono ulipochoka, Mzee wa Kofia alirudi kwao akawafundisha watoto wa machimbo kutupa, na hakuna jioni aliyoketi peke yake. Ndiyo hayo tu uliyotuficha, mume wangu.

Habari za kuaga hazitajwi tena nyumbani. Badala yake, kocha ametuma kuuliza kama akina mama watakuja tena Jumamosi. Nikamfikishia Mama Riziki ujumbe.

"Nitakuja," akasema, "lakini ile benchi ni ngumu. Mwambie atafute mto."

Lala vizuri. Jumamosi tunaenda tena.

Mke wako,
Mama Furaha