Namba Iliyoandikwa Ndani ya Mshipi

Doha, Jumatano, Machi 2014. Upepo wa vumbi tangu alfajiri. Macho yanawasha na roho haitulii.

Nimezunguka mtaa wetu wa Najma mara tatu tangu nitoke kazini. Nimeingia bakala, duka la pembeni, nikatoka bila kununua kitu. Nimekaa kitandani, nikainuka. Okello, Mganda ninayeishi naye chumba kimoja, ameniuliza kama nimefukuzwa kazi. Afadhali ingekuwa hivyo, hilo ningelielewa.

Ngoja niandike, labda miguu itatulia.

Mimi ni mlinzi. Wiki hii kampuni imenipeleka bandarini, ambako manowari za kigeni zimekuja kwa maonyesho na waalikwa wanapandishwa kuzitazama. Nimepangiwa chini ya ngazi ya moja, ya aina wanayoiita destroya: ndefu, ya kijivu, imejaa mizinga na mitambo nisiyoijua. Kazi yangu ni kukagua pasi za wageni, basi. Jana nilifika, nikainua macho, nikaona namba kubwa iliyochorwa ubavuni.

Nikaijua.

Sitaiandika hapa, maana mkataba wangu bado nautaka. Mara ya kwanza kuiona, ilikuwa imeandikwa kwa kalamu ndani ya mshipi wa mdogo wangu, Kahindi.

Kahindi alikuwa fundi wa injini katika meli ndogo ya mizigo ya Mombasa. Maharamia waliiteka karibu na Somalia, wakawashikilia mabaharia wake miezi saba. Aliporudi nyumbani Mtwapa, mama alifanya ibada ya shukrani: hema, pilau, mchungaji, majirani. Kahindi akapewa maikrofoni. Akasema siku moja manowari iliwakaribia mno, hata akaisoma namba yake, kisha ikageuka ikaenda zake. Akavua mshipi, akatuonyesha.

Mimi, mkubwa wake, nikadakia kutoka viti vya mbele: "Manowari ikuone, halafu ikuache? Wacha hadithi! Hiyo namba hata mimi naweza kuiandika kwa mshipi!"

Hema zima likacheka. Mchungaji naye akacheka. Kahindi akarudisha mshipi wake kiunoni, akaketi, na tangu siku hiyo hajaisimulia tena safari ile. Siku hizi anachomelea mageti pale Mtwapa, na ufukweni haendi hata Krismasi.

Sasa, kando ya ile ngazi wameweka ubao wenye historia ya utumishi wa meli yao. Mwaka iliposhushwa majini. Mwaka ilipokabidhiwa jeshi. Ilivyofungwa mitambo mipya, mazoezi iliyofanya na nchi rafiki, maji na mahema iliyopeleka baada ya tetemeko mahali fulani. Kwa saa nane sina kingine cha kusoma, kwa hiyo jana niliusoma ule ubao mpaka nikaukariri. Nikatafuta msimu aliotekwa Kahindi. Nikakuta mstari mmoja tu: ilisindikiza meli za mizigo karibu na pwani ya Somalia, hakuna tukio.

Hakuna tukio! Lugha hiyo naijua vizuri. Sisi walinzi tuna kitabu cha matukio, tunakiita OB, na kila saa unatakiwa uzunguke eneo lako kisha uandike ulichokuta. Tunaandika "hali shwari." Nikiri tu: kuna siku nimeandika hali shwari za saa sita kwa mkupuo mmoja, nikiwa nimekaa, na saa zenyewe hazijafika. Sijamjua bado mlinzi ambaye hajafanya hivyo. Basi niliposoma mstari ule nilimwona kabisa mtu aliyekaa mahali na kalamu yake, anataka kumaliza zamu.

Jana nilijizuia. Leo nimeshindwa.

Asubuhi baharia mmoja, mtu mzima mwenye mvi, alishuka kuvuta sigara karibu nami. Nikamsalimu, nikamwuliza yuko kwenye meli hii tangu lini. Akasema tangu ikiwa mpya. Mdomo ukanitangulia, nikamwuliza kuhusu meli ndogo ya Mombasa.

Alivuta sigara mpaka ikafika nusu. Kisha akanijibu kwa Kiingereza cha taratibu, na haya ndiyo aliyoyasema: "Tuliiona. Tukasogea karibu. Wale maharamia wakamtoa baharia mmoja juu, wakampigisha magoti, bunduki kisogoni. Wenzake wote walikuwa wamefungiwa chini. Kapteni akaamuru tugeuze. Tungesogea zaidi, wangemuua mbele ya macho yetu."

Nikamwuliza huyo mtu alikuwaje.

"Kijana mwembamba," akasema. "Alikuwa anatutazama tu, hata tulipokuwa tunaondoka."

Akazima sigara, akapanda ngazi. Mgeni mmoja akapita mbele yangu na pasi yake mkononi na sikuikagua. Miaka yote hii nimeusema mshipi ule vibaya, na sijawahi kujiuliza jambo dogo kabisa: mateka alifikaje juu, mahali pa kusomea namba?

Kwenye OB nimeandika: "Saa nne asubuhi, mlinzi hakuwa makini, mgeni mmoja amepita bila kukaguliwa." Msimamizi ataniuliza. Aulize.

Saa nane mchana nilipotoka nikampigia Kahindi. Nilisikia mashine ya kuchomelea, kisha ikazimwa. Nikamweleza yote kwa pumzi moja, nikamaliza na swali: "Kahindi, ni wewe walikupigisha magoti?"

Nikamsikia akiweka mashine chini.

"Siku ile kwa hema nilikuwa nafika hapo, bro," akasema. "Ndiyo mkacheka."

Akaniambia ana geti la mtu la kumaliza, akakata simu.

Naona aibu ambayo sijui niipeleke wapi. Na meli sina ugomvi nayo tena. Iligeuka ili mdogo wangu aishi. Mimi nilimgeuka ili watu wacheke.

Jumapili wote hula kwa mama baada ya kanisa, na mchungaji hakosi pilau ikiwepo. Nitapiga simu, nimwombe mama aiweke spika. Nitasema mbele ya walewale kwamba Kahindi hakudanganya, na kwamba mimi ndiye niliyemfunga mdomo. Halafu nitanyamaza nimngoje, hata kama naye atanyamaza mpaka salio liishe.