Zunguka Tuone

Nolwenn, siamini.

Leo mchana nilikuwa napiga piano kwenye sinema ya bosi wangu Lescure, zile filamu fupi zisizo na sauti. Kuna moja wanaume wanafua na kubembeleza watoto, wanawake wamejaa baa, wanavuta sigara na kuwapigia miluzi wanaume wanaopita. Watu walicheka mpaka machozi.

Taa zikawaka. Lescure akapanda jukwaani, kifua mbele: "Tushukuru, jamani, dunia ile ya kuwapigia wanawake miluzi imepita!"

Halafu akanigeukia. Mimi! "Na huyu mrembo wetu wa piano, hebu simama, kipenzi. Zunguka tuone hilo gauni."

ZUNGUKA. Filamu yenyewe haijapoa!

Nikasimama. Nikamwambia, "Anza wewe. Hiyo suruali hatujaiona vizuri."

Mara bibi mmoja wa mstari wa mbele akapiga mluzi, na wanawake wakadakia: "Zunguka! Zunguka!"

Nolwenn, akazunguka. Pumbavu lile likazunguka kweli, masikio mekundu!

Mlangoni akaninong'oneza, "Kuanzia Ijumaa usije tena."

Miaka sita nimempigia piano. Nikamwekea ufunguo wa kifuniko cha piano kiganjani. Ijumaa apige mwenyewe, na wamtazame.