Sanamu la Makopo katika Mji wa Majini

Mama Zuhura, salamu tele huko Rutamba. Nimefika mji wa majini, chini ya bahari ya Kilwa. Majini hawa wana sanamu linalolia, refu kuliko mnara wa msikiti, nao hulisikiliza wamefumba macho. Kulitazama, makopo na kamba tu, kama yangu ya kufukuzia nguruwe. Upuuzi gani huu? Nikaivuta kamba kiume. Majini wote mbio. Mkubwa wao akarudi akinyata: “Babu, umefanya nini?” Nikamwambia, “Hapo bado hujamsikia mke wangu akipiga ukelele.”

Mahindi yamekomaa nawe uko peke yako dunguni unalinda. Usisinzie, vuta kamba, piga ukelele wako ule. Nakuja kabla nguruwe hawajatuachia mabua matupu.

Mumeo, aliyekimbiza majini